Ua Dogo la Bugarama na Cheo Chake Katika Viumbe

Askari yeyote aliyekwisha kusimama katika gwaride anajua kwamba jeshi lina mpango wake. Sekshoni kadhaa hufanya platuni, platuni hufanya kombania, kombania hufanya batalioni, na hivyo hivyo kupanda hadi brigedi na divisheni. Ukijua kikosi cha mtu, hutapata shida kumtafuta hata akiwa mpakani. Wataalamu wa elimu ya viumbe nao wana mpango wa namna hiyo. Leo, ndugu msomaji, tutautazama kwa kulifuata ua moja dogo la nchini Rwanda.

Katika Wilaya ya Rusizi, sehemu iliyokuwa Mkoa wa Cyangugu, liko bonde la Bugarama, karibu na mipaka ya Burundi na Kongo. Bonde hilo linajulikana kwa mpunga wake, na pia kwa chemchemi ya maji ya moto ya Mashyuza. Mwaka 1987 mtaalamu wa mimea kutoka Ujerumani, Eberhard Fischer, aliona hapo yungiyungi dogo mno likiota katika tope, mahali ambapo maji ya chemchemi yalikuwa yamekwisha kupoa. Majani yake yaweza kuwa na upana wa sentimita moja tu, ilhali mayungiyungi makubwa ya Amerika ya Kusini yana majani yanayofikia mita tatu.

Je, kitu kidogo namna hiyo hupewa cheo gani?

Ngazi za Viumbe

Ngazi ya chini ni spishi, yaani viumbe wa aina moja wanaozaana wao kwa wao. Spishi zenye undugu wa karibu hukusanywa katika jenasi, jenasi katika familia, familia katika oda, oda katika ngeli, ngeli katika faila, na juu ya zote ni himaya, kama himaya ya mimea na himaya ya wanyama. Wataalamu wa mimea huiita faila pia divisheni, neno ambalo wanajeshi hawatalishangaa.

Desturi ya kukipa kila kiumbe jina la maneno mawili, la kwanza la jenasi na la pili la kuitambulisha spishi, iliimarishwa na Carl Linnaeus wa Sweden katika kitabu chake cha mimea cha mwaka 1753. Ua la Mashyuza likaitwa Nymphaea thermarum. Neno la kwanza ni jenasi ya mayungiyungi. La pili, kwa Kilatini, maana yake ni "la chemchemi za moto".

Undugu Katika Kapu la Sokoni

Pengine mama atauliza elimu hiyo yamsaidia nini yeye anayetafuta kitoweo. Basi na atazame kapu lake. Nyanya, bilingani na viazi mviringo ni spishi tatu za jenasi moja, Solanum. Pilipili ni ya jenasi nyingine, lakini familia ni ile ile. Viazi vitamu, japokuwa vinaitwa viazi, ni vya familia nyingine kabisa.

Undugu huo si wa vitabuni tu. Ugonjwa wa bakajani chelewa hushambulia viazi mviringo na nyanya pia. Kwa hiyo mkulima anayevuna viazi vilivyougua, kisha akapanda nyanya katika shamba lile lile, huenda akawa amemkaribisha adui yule yule kwa mara ya pili. Jina la sokoni lingemdanganya. Jina la ukoo lingemwonya.

Cheo Hubadilika kwa Ushahidi

Mpango huu haukushushwa kutoka mbinguni. Linnaeus mwenyewe aliipanga mimea kwa kuhesabu sehemu za kiume za ua, na mpango huo umekwisha kuachwa. Baadaye vitabu viliigawa mimea ya maua katika makundi mawili: yenye jani moja la mbegu, kama mahindi, na yenye mawili, kama maharage. Mayungiyungi yaliwekwa pamoja na maharage. Uchunguzi wa chembe za urithi umeonyesha kwamba ukoo wao ulijitenga zamani sana, kabla makundi hayo mawili hayajaachana. Kwa sababu hiyo ua la Bugarama, linalokua upesi na kutosha katika chungu kidogo, limekuwa mwalimu wa wataalamu wanaotafuta asili ya maua yote.

Hata hivyo, mwalimu huyo nusura apotee. Makao yake yalikuwa mita chache tu za mraba. Maji ya chemchemi yalipogeuzwa kwa ajili ya kilimo, tope likakauka, na kufikia mwaka 2008 halikuonekana tena Mashyuza. Kwa bahati njema Fischer alikuwa amekwisha kupeleka mimea michache katika bustani ya Bonn. Mwaka 2009, katika bustani ya Kew jijini London, Carlos Magdalena aligundua siri ya kuiotesha mbegu yake: haitaki kuzamishwa majini kama mbegu za ndugu zake, bali hutaka tope lililo sawa na uso wa maji. Novemba mwaka huo likachanua. Januari 2014 mche mmoja uliibwa pale Kew. Na mwaka 2023 habari njema ikatoka Rwanda: ua hilo limeonekana tena likiota lenyewe.

Kama Fischer angeliona na kusema, "Ni yungiyungi kama mengine," nani angelihangaika kulitunza? Kitu kisichokuwa na jina hupotea bila kuulizwa. Basi mtoto akija nyumbani na jani asilolijua, tusimfukuze. Tumuulize ameliokota wapi, tulitazame pamoja naye, na tumsaidie kutafuta jina lake.