"Binti Ni wa Mlango Gani?" Maana ya Neno Mlango, Bara na Visiwani

Tumeulizwa na familia moja ya Pemba ambayo binti yao amechumbiwa na kijana Muislamu wa Kasulu, mkoani Kigoma. Wazee wa kijana walipopiga simu waliuliza: "Binti ni wa mlango gani?" Baba wa binti akaona amedharauliwa, kana kwamba anaulizwa amejihifadhi kwa nani. Posa ikataka kuvunjika.

Hapana dharau hapo. Kasulu na Kibondo ni nchi ya Waha, na Kiha ni ndugu wa karibu sana wa Kirundi. Huko umuryango ni mahali pa kuingilia nyumbani, na ni ukoo vilevile. Kinyarwanda nacho huuita Umoja wa Mataifa Umuryango w'Abibumbye. Ukoo mkubwa huo!

Wala si maana ngeni kwa Waswahili. Mombasa na Lamu, mlango ni tawi la ukoo, na wazee wa huko wakitaja milango yao hawazungumzii mbao wala nakshi. Sisi visiwani wengi tumezoea kusema ukoo tu.

Neno lenyewe ni la Kibantu: mlango, umuryango, na omulyango wa Waganda ni shina moja. Waarabu husema baab, nalo pia ni sehemu ya kitabu. Ndiyo maana chuoni tunasoma Mlango wa Twahara. Ila kwa nasaba Waarabu walitazama mwili, wakasema batn (tumbo) na fakhdh (paja). Wabantu walitazama nyumba. Mume mwenye wake kadhaa, kila mke ana nyumba yake na mlango wake, na watoto hutambulikana kwa mlango waliotokea. Hata hospitalini tunasema mlango wa kizazi.

Sasa kwa nini wazee waulize? Katika mila nyingi za bara watu wa ukoo mmoja hawaoani, hata wakiwa mbali kwa vizazi. Kwetu binamu huoana, na sharia imeruhusu. Walioharamishwa wametajwa katika Suratun-Nisaa, aya ya 23, na binamu hayumo. Basi swali lile ni la kuhakikisha tu, na kulijibu ni wepesi: mtajieni ukoo wa baba na wa mama.

Ama kumkataa kijana kwa sababu tu mlango wake haujulikani Pemba, hilo tunawanasihi waliache. Wanavyuoni wa Kishafii wameizingatia nasaba katika kafaa, lakini ni haki ya binti na walii wake, nao wakiridhia ndoa ni sahihi. Waulizie Dini yake na tabia yake, na kwa hayo majirani zake wa Kasulu ndio mashahidi.

Na Allaah ni Mjuzi zaidi.