Jina Moja, Watu Wengi

Atafutaye jina lililozoeleka katika daftari la umma, liwe la vizazi, la ardhi au la hataza za wavumbuzi, huweza kukuta watu kadhaa wasiojuana. Daftari halikukosea, jina peke yake halitoshi kumtambulisha mtu. Ndiyo maana tangu mwaka 2012 watafiti hujiandikisha ORCID na kupewa namba ya tarakimu 16, ili kazi ya mmoja isihesabiwe kuwa ya wajina wake.

Hospitalini, kosa la namna hiyo haligusi sifa tu, bali uhai. Mgonjwa aweza kuongezewa damu ya kundi lisilomfaa kwa sababu faili la wajina wake ndilo lililofunguliwa. Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani lilihimiza kila mgonjwa atambuliwe kwa angalau vitambulisho viwili, na namba ya chumba isiwe mojawapo.

Basi mhudumu asiulize, "Wewe ni Fatuma Ali?" Mgonjwa aliyelemewa na maumivu huitikia tu. Amwombe ataje mwenyewe majina yake matatu na tarehe ya kuzaliwa. Asiyeijua tarehe hiyo atambuliwe kwa namba ya faili. Nawe mgonjwa, uulizwapo tena na tena, usidhani umesahaulika: unalindwa.