Leseni za Matatu: Yapi Kweli, Yapi Uongo?

Vyama viwili vya matatu vikigombania njia moja, wa kwanza kuumia ni abiria. Gari geni linafika steji, manamba wa chama kilichotangulia wanalizingira, abiria wanaamriwa washuke, na aliyekuwa akiwahi kazini anabaki kando ya barabara. Baadaye wenye magari wanashtakiana, kila upande ukishikilia madai ambayo mengi yake sheria ya Kenya haiyatambui. Tuyapime.

“Sisi ndio tulioanzisha njia hii, kwa hiyo ni yetu.”
Si kweli. Ule ukanda wa manjano ubavuni mwa matatu, ulioandikwa jina la njia, ulitokana na kanuni zilizoanza kutekelezwa Februari 2004, John Michuki akiwa Waziri wa Uchukuzi. Unaonyesha gari limeruhusiwa kuhudumu wapi, wala haumpi mtu umiliki wa barabara. Leseni hutolewa kwa muda na Mamlaka ya Kitaifa ya Uchukuzi na Usalama, NTSA, na yaweza kusimamishwa au kufutwa. Chama kikongwe kinastahili kusikilizwa. Hakina haki ya kumfukuza mwenye leseni halali.

“Mwenye gari moja hapewi leseni peke yake.”
Kweli. Kanuni za 2014 zinataka mwendeshaji awe kampuni au sacco yenye magari yasiyopungua 30. Hapo mwenye gari moja huwa hana budi kujiunga na chama, na akifukuzwa gari linalala. Lakini ugomvi wa mwanachama na sacco yake huamuliwa na Baraza la Ushirika, kwa kifungu cha 76 cha Sheria ya Vyama vya Ushirika. Ugomvi wa leseni una baraza lake. Anayeyachanganya magomvi haya mawili hupoteza miezi na ada za wakili.

“Ukinyimwa leseni, kimbilia Mahakama Kuu.”
Si kweli. Sheria ya NTSA ya 2012 iliunda Baraza la Rufaa za Leseni za Uchukuzi, na huko ndiko aliyenyimwa au kufutiwa leseni anapaswa kuanzia. Mwaka 1992, katika kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume, Mahakama ya Rufaa ilisema kwamba pale sheria inapoweka utaratibu wa kutatua malalamiko, ufuatwe. Sheria ya 2015 kuhusu haki katika maamuzi ya kiutawala ikakazia msimamo huo, ikiacha nafasi kwa hali za kipekee tu. Kesi nzuri yaweza kutupwa kabla hoja zake hazijasikilizwa, kwa sababu tu imefunguliwa pasipostahili.

“Nimepata amri ya muda, basi nimeshinda.”
Si kweli. Amri hiyo huzuia tu mambo yasiharibike hadi shauri lisikilizwe. Anayeitegemea akanunua magari mapya kwa mkopo anaweza kushindwa siku ya uamuzi, na benki ikaendelea kudai.

“Leseni ya NTSA inanipa na nafasi ya steji.”
Si kweli, na hapa ndipo magomvi mengi huzaliwa. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezipa kaunti jukumu la uchukuzi wa umma wa barabarani katika maeneo yao, pamoja na maegesho. Ndiyo maana gari laweza kuwa na leseni halali ya njia, kisha likakosa mahali palipoidhinishwa pa kupakia abiria. NTSA na kaunti zinapaswa kukubaliana kabla leseni haijatolewa. Kumwachia mwendeshaji agundue mgongano huo akiwa steji ni kumdhulumu yeye na abiria wake.

“Ofisi hailazimiki kueleza kwa nini imekataa ombi.”
Si kweli. Ibara ya 47 ya Katiba inampa aliyeathiriwa na uamuzi haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Zidai mapema, maana rufaa yako itasimama juu yake.

Wenye magari, andikeni pingamizi zenu, mweke nakala za leseni na barua za kaunti, kisha mwende barazani. Kumtuma manamba azuie gari la mwenzake ni kuvunja sheria, na hakuna leseni inayoruhusu hilo.