Shamba la Kugawiwa: Nani Aweza Kumtoa Mkulima?

Mfanyabiashara anayenunua mahindi au ngano huangalia bei, uzito na ukavu wa nafaka. Ni nadra kuuliza shamba lililotoa mzigo huo ni la nani. Benki inayoombwa mkopo huuliza hilo kwanza, na nchini Tanzania jibu lake lilitafutwa mahakamani kwa miaka mingi.

Chanzo ni Operesheni Vijiji. Novemba 1973 Mwalimu Julius Nyerere alitangaza kuwa ifikapo mwisho wa mwaka 1976 wananchi wote wa vijijini wawe wanaishi katika vijiji. Mamilioni walihamishwa. Walikofika waligawiwa mashamba, na mara nyingi mashamba hayo yalikuwa ya watu wengine kwa mila. Wenye mashamba ya asili walinyang'anywa bila fidia, na waliogawiwa hawakupewa hati. Hivyo shamba moja likawa na wenyewe wawili.

Miaka ya 1980 wamiliki wa zamani walianza kufungua kesi, hasa mkoani Arusha, na baadhi yao walishinda. Kila mmoja aliyeshinda, kulikuwa na mkulima aliyepewa shamba na serikali ambaye ilimbidi afunge virago. Ili kuzuia hali hiyo, mwaka 1992 Bunge lilipitisha Sheria namba 22. Sheria hiyo ilifuta haki za kimila katika vijiji vya operesheni na kuzuia fidia. Pia ilizizuia mahakama kusikiliza kesi hizo, na hukumu zilizokwisha kutolewa zisitekelezwe.

Baba mmoja na mwanawe wa kijiji cha Kambi ya Simba, kata ya Mbulumbulu, walikuwa wamefungua kesi Januari 1987, wakashinda na kurudishiwa shamba lao. Sheria mpya ilitishia kuwapokonya ushindi huo. Waliipinga katika Mahakama Kuu mjini Arusha na kushinda tena, ndipo serikali ikakata rufaa.

Desemba 21, 1994 Mahakama ya Rufani, ikiongozwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilitoa hukumu yenye mambo makuu matatu. Kwanza, haki ya kimila ya kukalia na kutumia ardhi ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, hivyo haichukuliwi bila fidia ya haki. Pili, fidia haiishii kwenye majengo na miti tu. Jasho la mkulima katika ardhi hiyo nalo lina thamani. Tatu, Bunge haliwezi kumfungia mwananchi mlango wa mahakama. Vifungu vilivyokwenda kinyume na hayo vilifutwa.

Je, waliogawiwa waliachwa wapi? Sheria ya Ardhi ya Vijiji namba 5 ya mwaka 1999, iliyoanza kutumika Mei 1, 2001, ilithibitisha kuwa ugawaji uliofanywa vijijini kati ya Januari 1, 1970 na Desemba 31, 1977 ni halali. Sheria hiyo pia ilileta hati ya hakimiliki ya kimila, na kuagiza kuwa halmashauri ya kijiji isigawe ardhi bila kibali cha mkutano mkuu wa kijiji.

Kwa mnunuzi au mkopeshaji, funzo ni kuuliza maswali mawili kabla ya kutoa fedha: shamba liligawiwa mwaka gani, na muhtasari wa mkutano mkuu uko wapi? Kwa mkulima aliyegawiwa, hukumu iliyoonekana kumwendea kinyume mwaka 1994 ndiyo ngao yake leo. Akiambiwa apishe, anaweza kudai fidia ya haki, na mlango wa mahakama uko wazi. Asiyetunza karatasi zake, hata hivyo, atauza shamba kwa bei ya wasiwasi.