Masasi na Newala: Dini Zilizolazimika Kuisikiliza Ngoma

Vincent Lucas, padri wa Kianglikana kutoka Uingereza, aliikuta Masasi ina miito miwili. Kengele ya misheni iliita Jumapili. Ngoma ya jando iliita kiangazi, mavuno yakishaingia ghalani, na ikiita kijiji kizima kinasogea. Wamisionari waliomtangulia waliikataa hiyo ya pili, wakaiita ya kishenzi. Wazazi Wakristo hawakubishana nao. Waliwapeleka watoto wao kumbini kimyakimya, na Jumapili wakarudi kanisani kama kawaida.

Misheni yenyewe ilikuwa na umri wa miongo michache tu. Askofu Edward Steere aliianzisha mwaka 1876 kwa kuwaleta watumwa waliokombolewa kutoka Zanzibar. Mwaka 1882 Wangoni, ambao huku waliitwa Magwangwara, waliivamia, na mmisionari Chauncy Maples akahamishia kazi Newala. Mwaka 1905 vita vya Maji Maji viliiteketeza Masasi kwa moto. Kanisa lililopita katika misukosuko hiyo halikuwa na nguvu za kugombana na wazee juu ya watoto wao wenyewe.

Lucas, ambaye mwaka 1926 aliwekwa kuwa askofu wa kwanza wa Masasi, alichagua njia ambayo wenzake wengi waliiona ya hatari: aliibatiza ngoma. Kambi ya jando ilibarikiwa na padri. Wayao walikuwa na desturi ya kusimamisha tawi la mti na kutambika kwa unga chini yake. Katika jando la Kikristo paliwekwa msalaba. Sala zilisaliwa kambini, nyimbo zenye matusi ziliondolewa, na vijana walipopona waliingia kanisani wakiwa na nguo mpya kutoa shukrani. Ilikuwa ibada iliyobuniwa, yenye nusu yake kutoka kitabu cha sala na nusu kutoka porini.

Lucas amepewa sifa nyingi kwa jambo hili, pengine kuliko anazostahili. Ibada ya namna hiyo haitungwi na mtu mmoja mezani. Inahitaji ngariba, mwimbaji, mpigaji, na mapadri wenyeji kama wale waliofuata nyayo za Cecil Majaliwa, Mwafrika wa kwanza kupewa upadri katika misheni hiyo, mwaka 1890, aliyefanya kazi Chitangali upande wa Newala. Mwanahistoria Terence Ranger, aliyewahi kufundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alichapisha mwaka 1972 uchunguzi wake juu ya Masasi, na humo Waafrika hawaonekani kama watu waliokaa kungoja ruhusa ya askofu. Kwa wasichana kazi ilikuwa ngumu zaidi. Unyago ni mali ya akina mama, na padri mwanamume hana mlango wa kuingilia.

Kwa nini ngoma ilishindikana kuondolewa? Jibu liko katika namna inavyopigwa. Ngoma za Wamakonde wa Newala hazipigwi moja peke yake. Vinganga, ngoma ndogo zilizochongwa kwa gogo moja na zenye mguu mrefu wa kuchomekwa ardhini, hutoa mlio mkali wa kasi isiyobadilika. Ngoma kubwa hujibu kwa sauti nzito, zikifuata hatua za mchezaji. Kabla ya kuanza, nyasi huwashwa moto na ngozi husogezwa hapo mpaka ikaze. Ikilegea usiku wa manane inarudishwa motoni. Hakuna mpigaji aliye na mdundo mzima mikononi mwake. Mdundo unapatikana wakiwa wote pamoja, na mmoja akikosa, wote wanasikia.

Katika mdundo huo hutokea midimu, wachezaji wa vinyago, na kwa mtoto ambaye hajapita jandoni hao ni wafu waliorudi. Katika mdundo huo huo mvulana hufundishwa kwa nyimbo za mafumbo: heshima kwa wakubwa, ndoa, uvumilivu. Hapewi cheti. Mtu mzima akitaka kujua kama kijana amepita kumbini kweli, humwanzishia wimbo. Aliyepita ataitikia.

Uislamu nao ulipanda uwanda wa Makonde kwa njia ya sikio. Kutoka Kilwa na Lindi zilikuja tarika za Shadhilia na Kadiria, hiyo ya pili ikiwa imeenezwa pwani na wafuasi wa Sheikh Uways wa Barawa, aliyefariki mwaka 1909. Katika zikri waumini husimama safu au duara, wakayumba pamoja na kulitaja jina la Mungu kwa pumzi inayotoka kifuani, mpaka neno linageuka kuwa mvumo tu. Mkulima asiyejua kusoma herufi moja ya Kiarabu aliweza kushiriki kikamilifu tangu usiku wa kwanza. Mwaka 1908, iliposambaa barua iliyodaiwa kutoka Makka ikitangaza kwamba kiyama kimekaribia, maofisa wa Kijerumani huko Lindi waliingiwa na hofu, na mikusanyiko ya zikri ikawa miongoni mwa mambo waliyoyatilia shaka. Serikali yenye bunduki iliogopa pumzi za watu.

Kwingine duniani wako waliojaribu kujenga imani nzima juu ya sauti. Wafuasi wa Pythagoras huko Ugiriki ya kale waliamini kwamba sayari zinapozunguka hutoa muziki. Johannes Kepler alirudia wazo hilo mwaka 1619 na hata akaipangia kila sayari noti zake. Dunia yetu, kwa hesabu yake, inaimba mi, fa, mi. Leo tunajua kwamba sauti haisafiri pasipo hewa au kitu kingine cha kuipitisha, kwa hiyo hakuna sikio litakaloisikia kwaya hiyo. Naye Inayat Khan, mpigaji wa ala ya nyuzi iitwayo vina kutoka Baroda nchini India, aliondoka kwao mwaka 1910 na kuwafundisha watu wa Ulaya na Marekani kwamba ulimwengu wote ni mtetemo. Hayo ni mafundisho ya kuvutia, lakini ni ya msikilizaji aliyeketi. Uwandani Makonde, asiyeitikia hajashiriki.

Wakatoliki walichelewa. Wabenediktini wa Ndanda, waliofika hapo mwaka 1906, walikuja na Kilatini na nyimbo za Kigregori. Padri Stephen Mbunga wa Kusini alitunga *Misa Baba Yetu* kwa mahadhi ya Kiafrika kabla Mtaguso wa Pili wa Vatikano haujafungua mlango rasmi mwaka 1963. Sasa kayamba, ngoma na vigelegele wakati wa matoleo havimshangazi mtu. Masasi ya Waanglikana nayo ilipata mwaka 1960 askofu mwenye sikio: Trevor Huddleston, yule aliyempatia mwanamuziki Hugh Masekela tarumbeta yake ya kwanza huko Johannesburg.

Kuna jambo moja limebaki bila kumalizwa. Mwaka 1906 Karl Weule, mtafiti kutoka Leipzig, alipita Masasi na Newala akiwa na mashine ya kurekodia kwa mitungi ya nta. Sauti alizozinasa ziko Ujerumani, katika hifadhi ya Berlin ambayo mitungi yake ya kale iliingizwa na UNESCO mwaka 1999 katika orodha ya Kumbukumbu ya Dunia. Ofisi za utamaduni za Masasi na Newala ziandike barua kuomba nakala, na zifanye hivyo wakati bado wapo wazee wanaoweza kusikiliza na kusema huu ni wimbo gani na uliimbwa lini.