Herufi Tatu kwenye Dashibodi: Maana ya Taa ya EPC na Namna ya Kuichunguza Hitilafu Yake

Mkazi wa Kakamega anayenunua Golf au Polo iliyokwisha kutumika nje ya nchi huketi mbele ya mkutano wa lugha ambao aghalabu hakuutarajia. Gari lenyewe lilibuniwa Ujerumani, likauzwa kwanza Japani, likaingia kupitia bandari ya Mombasa kabla ya kupitisha miaka 8 kama kanuni za Kenya zinavyotaka, kisha likafika magharibi mwa nchi likiwa na kitabu cha maelezo kilichoandikwa kwa Kijapani na redio inayomsalimu mwenyewe kwa Kijapani vilevile. Siku moja herufi tatu za rangi ya manjano zinawaka kwenye dashibodi: EPC. Fundi anamweleza mambo kwa Kiswahili kilichochanganyika na Kiingereza na Kiluhya, na katika maelezo hayo yote, neno linalosikika wazi kuliko mengine ni "nunua".

Makala haya yananuia kueleza taa hiyo inamaanisha nini na jinsi hitilafu inayoiwasha inavyoweza kutafutwa kwa utaratibu. Hoja inayoyaongoza ni kwamba EPC si jina la kifaa kilichoharibika. Ni jina la mfumo mzima, na ndani ya mfumo huo mna vifaa ambavyo bei yake haiumizi, na vingine vinavyoweza kumeza mshahara wa mwezi mzima. Fundi akivichanganya, mwenye gari ndiye anayelipa.

Herufi hizo ni ufupisho wa maneno ya Kiingereza yenye maana ya udhibiti wa nguvu za injini kwa njia ya kielektroniki. Hupatikana katika magari ya Volkswagen yanayotumia petroli, na katika jamaa zake Audi, Skoda na Seat. Polo Vivo zilizoanza kuunganishwa Thika, katika kiwanda cha KVM, mnamo Desemba 2016 ni za ukoo huohuo, kwa hiyo suala hili haliwahusu wanunuzi wa magari yaliyotumika pekee. Toyota, Nissan na Subaru za siku hizi nazo zina mfumo unaofanya kazi kwa namna inayokaribiana sana na hii, ila hutoa taarifa zake kupitia ile taa yenye umbo la injini. Mengi yatakayoelezwa hapa yanayahusu magari hayo pia.

Katika magari ya zamani, pedali ya mafuta ilifungwa kwa waya wa chuma uliokwenda moja kwa moja hadi kwenye kabureta. Mguu ulisukuma, waya ukavuta, mlango wa hewa ukafunguka. Fundi aliweza kuuona ugonjwa kwa macho yake: waya umekatika, umelegea au umeshika kutu. Mwishoni mwa miaka ya 1990 Volkswagen ilianza kuuondoa waya huo. Tangu hapo pedali imekuwa chombo cha kupeleka ombi tu. Ndani yake mna vihisi viwili (mafundi huviita sensa), ambavyo michoro ya kampuni huvitaja kama G79 na G185, na kila kimoja hupeleka kiwango chake cha umeme kwenye kompyuta ya injini kueleza mguu umeshuka kiasi gani. Kompyuta hulipima ombi hilo, kisha huiamuru mota ndogo iufungue mlango wa hewa, yaani kile kisahani cha chuma kinachozunguka kwenye njia ya hewa inayoingia injini. Kwenye mlango huo nako mna vihisi viwili vinavyorudisha habari kuwa amri imetekelezwa.

Kwa nini viwe viwili viwili? Jibu ni usalama. Vihisi hivyo ni mfano wa mashahidi wawili wanaohojiwa kuhusu tukio moja. Kwenye pedali, volti za kihisi kimoja huwa takriban maradufu ya volti za mwenzake. Kwenye mlango wa hewa, za kimoja hupanda huku za kingine zikishuka. Ushahidi ukipingana, kompyuta haijui imwamini nani, na hapo huchagua tahadhari: huiwasha taa, huandika msimbo katika kumbukumbu yake na kuzipunguza nguvu za injini. Kihisi kimoja tu cha pedali kikikosekana, gari huitikia mguu polepole. Vikikosekana vyote viwili, injini hubaki kwenye mizunguko michache isiyobadilika, na pedali haifui dafu hata ikikanyagwa hadi sakafuni. Dereva husema gari halivuti, akashuku pampu au akalilaumu petroli la kituo cha mwisho. Petroli halina kosa lolote hapo. Kompyuta ndiyo iliyokataa.

Hali hiyo ya kuchechemea iliwekwa makusudi na wabunifu wa gari ili injini isije ikapaa yenyewe bila kuamriwa, lakini haichagui mahali pa kutokea. Kwenye barabara iendayo Webuye, dereva anayelipita trekta lililosheheni miwa karibu na Malava huhitaji nguvu zote kwa sekunde chache. Zikimtoweka akiwa bado upande wa kulia, lori linalomjia halina habari kwamba kihisi kimoja kimepingana na kingine. Mpando wa Riat, kwa anayetoka Kisumu akirejea Kakamega, nao hauna huruma kwa gari lililopunguziwa nguvu huku nyuma yake pakiwa na msururu wa matatu. Kwa hiyo taa inapowaka, jambo la kwanza ni kuacha kabisa kupita magari mengine. Iwapo nguvu zimeshuka, gari litolewe barabarani upande wa kushoto mahali palipo wazi, taa za dharura ziwashwe na pembetatu iwekwe. Iwapo taa nyekundu ya oili au ya joto la injini imewaka pamoja nayo, injini izimwe papo hapo.

Mara nyingi dereva akizima gari, akangoja kidogo na kuliwasha tena, nguvu hurudi. Jambo hili huwahadaa wengi. Kompyuta imeanza tu hesabu upya. Msimbo ungali kwenye kumbukumbu, na kilichowakosanisha wale mashahidi hakijaguswa.

Wahenga walinena kuwa dalili ya mvua ni mawingu. Mkazi wa Kakamega, ambako mvua hunyesha alasiri nyingi za mwaka, anajua pia kwamba wingu halisemi mvua itaangukia shamba la nani. Ndivyo taa hii ilivyo. Cha kushangaza ni kwamba chanzo chake kimojawapo cha kawaida hakimo kwenye injini: ni swichi ya taa za breki, kifaa kidogo cha plastiki kilichochomekwa juu ya pedali ya breki. Swichi hiyo huziwasha taa nyekundu za nyuma, na wakati huohuo huiarifu kompyuta kuwa dereva anafunga breki, ili kompyuta isiendelee kuipa injini nguvu ambazo dereva anajaribu kuzizuia. Ndani yake mna migusano miwili, tena kwa sababu ileile ya mashahidi. Mmoja ukichakaa, habari hupingana na EPC huwaka. Uchunguzi wake hauhitaji mashine. Mtu mmoja husimama nyuma ya gari huku mwingine akibonyeza pedali ya breki mara kadhaa, polepole na kwa haraka. Taa zikikosa kuwaka, zikichelewa au zikibaki zimewaka baada ya mguu kuondolewa, mahali pa kuanzia pamepatikana. Hata hivyo, taa zikiwaka sawasawa swichi haijaondolewa lawama, kwani huenda ule mgusano wa pili ndio ulioharibika. Hilo litathibitishwa na kompyuta. Ifahamike pia kwamba swichi hii si jambo la fedha tu. Gari lisilowasha taa za breki usiku, katika barabara yenye malori na bodaboda, ni hatari kwa aliye nyuma yake kuliko kwa mwenyewe.

Hatua inayofuata ni kuisoma kumbukumbu ya kompyuta. Chini ya dashibodi, upande wa dereva, mna soketi yenye matundu 16. Soketi ya namna hii ilifanywa ya lazima kwa magari mapya Marekani tangu 1996, na Ulaya kwa magari ya petroli tangu 2001. Kifaa kidogo cha Bluetooth kikichomekwa humo, simu ya mkononi inaweza kuonyesha misimbo mingi ya injini. Mashine zilizoundwa kwa ajili ya Volkswagen hueleza kwa undani zaidi. Msimbo P2138 huashiria kwamba vihisi vya pedali havikubaliani. P2135 hutoa malalamiko kama hayo, aghalabu kuhusu vihisi vya mlango wa hewa. P0571 na P0504 huelekeza kwenye swichi ya breki. P0300 husema injini inakosa kuwaka katika silinda zisizotabirika, na P0301 hadi P0304 hutaja silinda yenyewe.

Hapa ndipo gereji nyingi hukosea, na kosa lenyewe linafanana na la mfasiri mchanga. Mfasiri huyo hufungua kamusi, huchukua maana ya kwanza anayokutana nayo, na kuibandika kwenye sentensi bila kuusoma muktadha. Msimbo unaosema "vihisi vya pedali havikubaliani" hausemi kwamba pedali imekufa. Unasema kwamba habari zilizofika kwenye kompyuta hazikubaliani, na kati ya pedali na kompyuta kuna nyaya, viunganishi na sehemu ambapo umeme hurudi kwenye bodi ya gari. Kubadilisha pedali kabla ya kuzipima nyaya ni kubahatisha kwa fedha za mtu mwingine. Kuifuta misimbo kabla ya kuinakili ni kosa kubwa zaidi, kwa kuwa huharibu ushahidi wenyewe.

Katika mazingira ya Kakamega, nyaya na viunganishi vinastahili kushukiwa mapema. Mvua ni nyingi, na barabara za vijijini zina tope linalorukia kila mahali. Baadhi ya waosha magari huielekeza mashine ya presha moja kwa moja kwenye injini, maji yakapenya kwenye viunganishi na kuacha kutu ya kijani. Panya nao hupenda joto la injini iliyozimwa, hasa gari likilala karibu na ghala la mahindi, na hawabagui waya wa taa na waya wa kihisi. Fundi makini huchomoa kiunganishi, hukitazama kwenye mwanga, hukikausha, hukirudisha hadi kilie "tak", kisha huyatikisa mafungu ya nyaya injini ikiwa inanguruma ili aone kama hitilafu itajitokeza. Betri nayo ipimwe. Ikiwa imepumzika na ina chaji kamili huonyesha volti 12.6 hivi, na injini ikinguruma kipimo hupanda hadi kati ya 13.5 na 14.5 katika magari mengi. Volti zikiwa chini mno, vihisi vizima huonekana wagonjwa.

Mlango wa hewa wenyewe hukusanya masizi meusi yenye mafuta kadiri miaka inavyopita, kikafika wakati ambapo kisahani hakifungi vizuri. Kuusafisha ni kazi ya dawa ya kupuliza na kitambaa laini, pasipo kukilazimisha kisahani kwa vidole gari likiwa limewashwa swichi. Kinachosahaulika ni kwamba kompyuta ilikuwa imejizoeza na ule uchafu. Baada ya kusafisha au kubadilisha kifaa hicho, lazima ifundishwe upya mahali mlango unapofungwa na unapofunguka, kazi inayofanywa kwa mashine ya uchunguzi kwa dakika chache. Isipofanywa, injini huweza kuruka mizunguko, taa ikarudi, na mwenye gari akaambiwa kwamba kifaa kipya alicholetewa kutoka Grogan jijini Nairobi ni kibovu.

Zipo sababu nyingine, zikiwemo plagi zilizochakaa na koili zilizokufa, ambapo injini hutetemeka na ile taa yenye umbo la injini ikamweka pamoja na EPC. Kumweka huko kusipuuzwe, maana petroli lisiloungua hupita hadi kwenye kisafisha moshi na kukiunguza. Magari ya dizeli hayana herufi hizi. Badala yake taa ya kupasha moto, iliyo na umbo la waya uliosokotwa, humweka wakati wa safari, na dereva asiyejua huidhani ni ya asubuhi za baridi tu.

Mwenye gari anaweza kumrahisishia fundi kazi kwa kuyaandika mambo machache kabla ya kuyasahau: taa iliwaka injini ikiwa baridi au moto, baada ya mvua au baada ya kuoshwa, mguu ukiwa kwenye pedali gani, na kama nguvu zilishuka au la. Anayekagua gari ili alinunue ana kazi moja zaidi. Ageuze ufunguo bila kuiwasha injini na kuitazama dashibodi. Katika gari zima la petroli, EPC huwaka kwa sekunde chache pamoja na taa nyingine, halafu huzimika. Isipowaka kabisa, ama balbu yake imekufa, ama kuna mtu aliyeizima kwa makusudi kabla ya gari kuletwa sokoni.