Karema: Ngome ya mfalme wa Ubelgiji iliyogeuka kuwa kanisa

Mkulima wa mpunga wa Mwamkulu akitaka kuona jengo la zamani la Wazungu, si lazima aende Bagamoyo au Zanzibar. Lipo mkoani kwake Katavi, pale Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, safari ya kilomita zaidi ya 100 kwa barabara kutoka Mpanda mjini.

Haya ndiyo mambo ya kujua kuhusu sehemu hiyo.

Ilianza kama ngome

Mwaka 1876, Mfalme Leopold II wa Ubelgiji aliunda chama cha kimataifa kilichodai kuja Afrika kwa ajili ya sayansi na kupiga vita biashara ya watumwa. Mwaka 1879 mjumbe wake, Kapteni Ernest Cambier, alifika Karema na kuanza kujenga kituo.

Kilikuwa kituo cha kujihami: kuta nene za udongo, uwanja katikati na nyumba ndani. Matofali yalifyatuliwa hapo hapo, kwa udongo wa hapo hapo.

Padri anakabidhiwa funguo

Baada ya Mkutano wa Berlin wa 1884 hadi 1885, Leopold alielekeza nguvu zake Kongo. Karema ikabaki upande usiomhusu tena. Mwaka 1885 akawaachia kituo Wamisionari wa Afrika, maarufu kama White Fathers, shirika lililoanzishwa na Kardinali Lavigerie.

Hivyo jengo lililojengwa kwa ajili ya bunduki likawa la sala.

Lina uhusiano gani na Uingereza ya Malkia Victoria?

Enzi hizo hizo (1837 hadi 1901), matajiri wa Uingereza walikuwa wakijenga makanisa madogo ndani ya mashamba yao. Mwenye shamba ndiye aliyelipa gharama, familia yake ilikuwa na viti vyake, na wafanyakazi walikaa nyuma. Ukifanya kazi kwake, unasali kwake.

Karema hapakuwa na lodi, lakini mpango ulifanana: kanisa, mashamba, nyumba na mlinzi, vyote chini ya mkono mmoja. Mlinzi mwenyewe alikuwa Kapteni Léopold Joubert, Mfaransa aliyewahi kuwa askari wa Papa. Kutoka Karema alivuka kwenda Mpala, upande wa Kongo, kuongoza ulinzi wa misheni.

Nani walikaa humo?

Wengi wa mwanzo walikuwa watoto na watu wazima waliokombolewa utumwani, pamoja na waliokimbia uvamizi. Kwao ukuta ule ulikuwa uhai. Nje kulikuwa na wakamata watumwa.

Ila usalama huo ulikuwa na masharti. Padri ndiye aliyegawa ardhi, aliyeamua kesi na kupanga kazi. Aliyekombolewa hakuwa mtumwa tena, lakini hakuwa huru kabisa kuishi apendavyo.

Anayekumbukwa zaidi naye alipitia utumwa. Adrien Atiman alitekwa akiwa mtoto huko Afrika Magharibi, akakombolewa na wamisionari, akasomea udaktari Malta. Alifika Karema mwaka 1889, akatibu watu huko mpaka alipofariki mwaka 1956. Miaka 67 kituo kimoja!

Leo kuna nini?

Karema iliwahi kuwa makao ya jimbo Katoliki, kabla makao hayo hayajahamia Sumbawanga. Siku hizi inatajwa zaidi kwa bandari mpya ya kupeleka mizigo Kongo.

Bandari italeta malori, maduka na nyumba mpya. Hapo ndipo penye hofu: ukuta wa udongo ukiachwa bila paa, mvua za masika chache tu zinatosha kuumaliza. Na ukishaanguka, hakuna wa kuurudisha. Wajukuu wa waliofyatua matofali yale watabaki na simulizi tu, bila mahali pa kuonyesha kwa kidole.